Safari ya Biashara Unguja: Usirudi Hujaona Kitu

Wiki iliyopita kijana mmoja jirani yangu hapa Mombasa alinijia dukani. Anataka kwenda Unguja kwa mara ya kwanza, peke yake, kuchukua mikoba ya ukili na viungo vya kuuza. "Ami, nataka niondoke Jumatano nirudi Ijumaa," akaniambia. "Sikwenda kuzurura mimi, nakwenda kazi."

Nilimwambia aketi. Maneno hayo hayo niliyasema mimi mwaka 2014, na yalinigharimu.

Safari ile marehemu mamangu aliniagiza nimpitie dadake mkubwa aliyekuwa akiishi Makunduchi, kusini ya kisiwa. Nilikuwa na siku mbili tu. Nikampigia simu nikamwambia, "Safari ijayo, mama mkubwa, inshallah." Safari ijayo ilipofika, alikuwa ametangulia mbele ya haki. Na ile biashara niliyoikimbilia pia haikunyooka, kwani nilinunua kwa pupa na nusu ya iliki ilikuwa imeingia unyevu. Basi haya niliyomweleza kijana nayaandika hapa, huenda yakamfaa na mwingine.

Kwanza ni karatasi. Kitambulisho chetu cha Kenya kinakuvusha kuingia Uganda na Rwanda, lakini Tanzania utahitaji pasipoti. Beba pia kadi ya chanjo ya homa ya manjano. Chanjo hiyo huhesabiwa kuwa inafanya kazi baada ya siku 10, kwa hivyo usingoje mpaka mkesha wa safari. Na usidhani ukishagongewa muhuri Horohoro mambo yamekwisha. Ukishuka boti Unguja utapita tena kwa maafisa wa uhamiaji, hata kama umetoka Dar es Salaam. Pasipoti ikae mkononi, isiwe chini ya begi.

Pili ni mpango wa siku, na hapa ndipo wengi tunapokosea. Tunaweka kazi mwanzo hadi mwisho, halafu tunasema tutatembea muda ukibaki. Muda haubaki. Mimi siku hizi nafanya hivi: kile kitu kimoja ambacho nikikikosa nitajuta, nakiweka siku ya kwanza, kabla ya kazi. Matembezi mengine nayaweka siku ya mwisho, baada ya mzigo kufungwa. Siku hiyo ya mwisho ina faida mbili. Mzigo ukichelewa, una siku ya akiba na hukosi boti. Usipochelewa, siku ni yako.

Kijana tulimpangia hivi. Aondoke Mombasa Jumamosi kwa basi, alale Dar, apande boti ya asubuhi Jumapili. Boti huchukua kama saa mbili. Jumapili aende Kizimkazi Dimbani, maana tangu madrasa amesikia habari za msikiti wa kale ulioko huko, wenye maandishi ya Kikufi ya mwaka 500 Hijria, yaani 1107 Miladia. Jumatatu azunguke soko la Darajani akiuliza bei tu, asinunue. Jumanne anunue. Jumatano afunge mzigo na kushughulikia karatasi zake. Alhamisi ni siku ya akiba. Ijumaa arudi. Ukipanga kununua Ijumaa, kumbuka adhuhuri biashara nyingi husimama kwa ajili ya sala.

Hapo kijana akauliza swali zuri: sala je, atapunguza? Kwa madhehebu ya Shafii tunayofuata wengi wetu hapa pwani, msafiri aliyenuia kukaa mahali siku nne kamili, bila kuhesabu siku ya kuingia na ya kutoka, husali kikamilifu tangu anapofika. Yeye ana Jumatatu mpaka Alhamisi, siku nne, basi akiwa Unguja atasali kamili. Angenuia kutoka Alhamisi, zingekuwa tatu, na angepunguza. Kwa hivyo siku moja ya matembezi inaweza kubadilisha hukumu. Muulize shekhe wako kabla ya kuondoka.

Tatu ni pesa. Shilingi yetu moja ni kama shilingi 20 za Tanzania, kwa hivyo bei ya 20,000 isikutishe, ni kama elfu moja yetu. Tenga mafungu mawili: mtaji, na matumizi yako pamoja na matembezi. Fungu la pili likiisha, matembezi yamekwisha. Usiguse mtaji. Ukiwa peke yako hakuna wa kukuonya, wala wa kukuangalizia mzigo ukienda msalani. Tafuta nyumba ya wageni karibu na soko, yenye mahali pa kuhifadhi mzigo. Acha nyumbani nakala ya pasipoti na mpango wako, na upige simu kila usiku baada ya Isha.

Nne ni mzigo wenyewe. Bidhaa zilizotengenezwa Afrika Mashariki zisizozidi thamani ya dola 2,000 zina utaratibu mwepesi mpakani, kwa cheti cha uasili wa bidhaa, mradi ziwe katika orodha iliyokubaliwa. Viungo ni bidhaa za mimea, basi waulize KEPHIS mapema. Na karafuu usiinunue kwa magunia kutoka kwa mkulima. Kisheria mkulima huliuzia shirika la serikali, ZSTC, na magendo ya karafuu yameponza wengi.

Alhamisi akiwa huru, hahitaji hata gari. Kutoka Darajani ni hatua chache hadi Mkunazini, palipokuwa na soko la watumwa lililofungwa mwaka 1873. Apite Hamamni, aliko hamamu ya Sayyid Barghash, kisha ashuke baharini aitazame Beit al-Ajaib, ambayo sehemu yake iliporomoka Desemba 2020. Magharibi imkute Forodhani, apate bakuli la urojo na juisi ya miwa. Mfanyabiashara naye hujifunza hapo, maana anaona wageni wananunua nini na kwa bei gani.

Kijana amekubali, na Jumamosi hii anaondoka. Nimemuomba, kwa kuwa Kizimkazi na Makunduchi si mbali, awapitie watoto wa mama mkubwa awape salamu zangu. Mimi mwenyewe nitakwenda baada ya masika. Tarehe nimeshaiandika ukutani, sisemi tena "safari ijayo".