Video Inapogoma Kwenye Kompyuta

Familia nyingi hapa Bugarama hurekodi Kipaimara kwa simu. Ukihamishia video kwenye kompyuta ikatoa sauti bila picha, usiifute kwenye simu. Huenda video ni nzima, ila programu ya kuichezea haiwezi kuisoma.

MP4 au MKV mwishoni mwa jina la faili ni mfuko tu. Ndani yake picha zimebanwa kwa mtindo fulani: H.264 wa zamani, au H.265 unaotumiwa na simu nyingi mpya. Programu isiyoujua mtindo huo haitaonyesha picha.

Jaribu VLC, iliyoanzishwa na wanafunzi nchini Ufaransa mwaka 1996. Ni ya bure na inaijua mitindo yote miwili. Ipakue kwenye tovuti ya videolan.org, nakala za kupeana kwa flashi huweza kubeba virusi.

Picha zikikwamakwama, kompyuta imezidiwa: ndani ya VLC bonyeza Ctrl na R, uigeuze video iwe H.264. VLC nayo ikishindwa kuifungua, linganisha ukubwa wa faili na ule wa kwenye simu. Ukiwa pungufu, nakili upya.

Ifute kwenye simu baada ya kuitazama yote. Kipaimara hupokelewa mara moja tu.