Frederick Wiseman: Mwalimu wa sheria aliyeingiza kamera wodini

Kabla ya kutengeneza filamu, Frederick Wiseman alifundisha sheria katika Chuo Kikuu cha Boston, Marekani. Aliwapeleka wanafunzi wake Bridgewater, taasisi ya jimbo la Massachusetts ya wahalifu wenye maradhi ya akili, wakajionee wanakoishia watu wanaohukumiwa. Baadaye akarudi huko na mpiga picha.

Filamu yake ya mwaka 1967, Titicut Follies, ilionyesha wafungwa wakiwa uchi, walinzi wakiwadhihaki, na mgonjwa aliyegoma kula akilishwa kwa mpira uliopitishwa puani. Serikali ya jimbo ilikimbilia mahakamani ikitetea faragha ya wagonjwa. Hoja hiyo si ya kupuuzwa, ila ni vigumu kuamini kwamba waliowavua watu hao nguo ndio walioumia kwa ajili ya staha yao. Hadi 1991, umma haukuruhusiwa kuitazama.

Wiseman hakukoma. Hospital (1970) aliipigia katika hospitali ya umma jijini New York, Welfare (1975) katika ofisi ya misaada kwa maskini. Near Death (1989), yenye takriban saa sita, inakaa na wagonjwa mahututi, madaktari na ndugu wanaoamua lini mashine izimwe. Hakuna msimulizi, mahojiano wala muziki wa kupachika. Mtazamaji hatafuniwi, na huo ndio ubora wake, ingawa wasio na subira watachoka.

Mwaka 2016 alipewa Oscar ya heshima.