Wimbo na Mizani katika Ushairi wa Kiswahili

Wayunani wa kale waliziimba tungo zao fupi za hisia zikifuatana na kinubi kiitwacho lira, na jina la chombo hicho ndilo lililozaa neno ambalo lugha nyingi za Ulaya hulitumia hadi leo kuutaja ushairi wa namna hiyo. Kinubi chenyewe kilikwisha tupwa zamani, likabaki jina. Katika Kiswahili mambo hayakufika huko. Neno wimbo hutaja kitu kinachoimbwa, na papo hapo hutaja bahari ya ushairi yenye mishororo mitatu kwa kila ubeti. Na mtu anayesoma shairi mbele ya hadhara kwa desturi hulighani, hasomi tu. Kwa hiyo swali la uhusiano wa muziki na fasihi, kwa mtaalamu wa Kiswahili, si la historia peke yake. Ni swali lililomo ndani ya mabishano makali kuliko yote yaliyopata kuzuka katika taaluma hii, yaani yale ya vina na mizani.

Kaluta Amri Abedi, katika kitabu chake cha sheria za kutunga mashairi kilichotoka mwaka 1954, alishikilia kwamba utungo usioimbika hauna haki ya kuitwa shairi. Wengi waliomfuata waliishika sheria na kuisahau sababu yake. Wanafunzi wakafundishwa kuhesabu mizani kwa vidole, kama karani ahesabuye magunia bandarini, pasipo kuambiwa kwamba hesabu hiyo ni kivuli cha jambo linalosikika.

Jambo hilo ni pumzi. Mshororo wa shairi la kawaida una mizani 16, nane kila upande, na mwimbaji hutua katikati. Mshororo wa ukawafi una mizani 15 zinazogawika 6, 4 na 5. Mgawanyo huo ukitazamwa kwa macho huonekana wa ajabu, lakini masikioni una mwendo wake. Utenzi nao una vipande vinne vya mizani nane. Vitatu vya kwanza hulingana vina, na cha nne hurudia kina kimoja kutoka ubeti wa kwanza hadi wa mwisho. Katika utungo mrefu kama Utendi wa Tambuka wa mwaka 1728, wenye zaidi ya beti elfu moja, kina hicho humwarifu msikilizaji kwamba ubeti umekwisha na sauti inarudi mwanzo. Msomaji wa kitabu haihitaji ishara hiyo, maana anaiona nafasi iliyoachwa wazi kwenye karatasi.

Hata ule uhuru wa mshairi ambao vitabu vya shule huuita inkisari na mazida hueleweka vizuri zaidi kwa njia hii. "Aliyekuja" ana mizani tano. "Alokuja" ana nne. "Enda" ana mbili. "Enenda" ana tatu. Asiyeimba huona kwamba lugha imekatwa au imevutwa. Aimbaye huona kwamba neno limeingizwa katika sauti iliyokuwapo kabla yake.

Mapokeo yenyewe yanalijua jambo hili. Katika utenzi wa Fumo Liyongo ulioandikwa na Muhamadi Kijuma wa Lamu mwaka 1913, shujaa amefungwa gerezani. Kwa maneno ya fumbo anamtuma kijakazi Saada kwa mama yake afanyiwe mkate wa wishwa, na ndani yake mtiwe tupa. Walinzi, kwa kuudharau mkate huo, wanampa. Kisha panachezwa gungu nje ya gereza, na katika kishindo cha ngoma na matoazi Liyongo anakata pingu zake pasipo kusikiwa. Fumbo la maneno lilimletea tupa, na muziki ukampa nafasi ya kuitumia. Si ajabu kwamba aliyekiandika kisa hicho alikuwa mshairi, mwandishi wa miswada, mchonga nakshi na mwanamuziki kwa pamoja.

Uchapishaji ndio uliotenga mambo hayo. Tungo za Muyaka bin Haji wa Mombasa, zilizokusanywa na W. E. Taylor akisaidiwa na Mwalimu Sikujua, zilitolewa na William Hichens mwaka 1940. Maneno yalipata kitabu. Sauti zake hazikupata. Hata hivyo utengano haukukamilika popote. Siti binti Saad, ambaye hakupata elimu ya shule, alirekodi nyimbo zake Bombay mwaka 1928, na Shaaban Robert, mwandishi mkuu wa zama zake, aliona inafaa kumwandikia wasifu. Mjini Mombasa, Ahmad Nassir, mwenye Malenga wa Mvita (1971), ndiye pia aliyemtungia mwimbaji Juma Bhalo nyimbo za taarabu. Na Abdilatif Abdalla alipofungwa kuanzia mwaka 1969 hadi 1972, alizitunga tungo za Sauti ya Dhiki (1973) kwa siri, juu ya karatasi za chooni, akizifuata bahari za kale mahali ambapo hapakuwa na hadhara ya kumsikiliza. Mtu aliye peke yake huihitaji sauti, naye pengine huihitaji kuliko wengine.

Ndipo mabishano ya miaka ya 1970 yanapopaswa kutazamwa upya. Euphrase Kezilahabi alipotoa Kichomi mwaka 1974, na Mulokozi na Kahigi Malenga wa Bara mwaka 1976, walishutumiwa kwamba wameuvunja ushairi. Lakini kipimo cha kuimbika, kikitumiwa kwa haki, hakiwahukumu. Nyimbo za kutwanga, za kupiga makasia na za kubembeleza watoto, za pwani na za bara, mara nyingi hazina vina wala mishororo iliyo sawa, na zote huimbwa. Mwimbaji huivuta irabu au huifupisha, kiitikio kikashika mwendo. Tena bahari moja haina sauti moja: shairi la mizani 16 huimbwa kwa sauti nyingi, kila mji na yake. Mizani basi ni mkataba mmojawapo kati ya neno na sauti, uliokuzwa na miji ya pwani kwa ustadi mkubwa. Anayetaka kumkatalia Kezilahabi jina la mshairi itampasa atafute hoja nyingine, au akatae pia kwamba mama anayembembeleza mwanawe usiku anaimba.