Hadithi Moja, Wapimaji Wengi

Jua linapokuchwa nyuma ya Mlima Meru, baridi ya Kilimanjaro hushuka Sanya Juu, na watu husogea karibu na moto. Hapo motoni, tangu zamani, wazee waliwasimulia watoto hadithi. Hadithi ikiisha, mabishano huanza. Mtoto mmoja husema, "Mama yule alikosa." Wa pili hujibu, "La, mwenye kosa ni kijana, maana alificha jambo nyumbani kwao." Wa tatu huuliza, "Yawezekanaje ng'ombe aseme kama mtu?" Watoto hao wameanza kazi kubwa, ingawa hawajui jina lake. Kazi hiyo huitwa uhakiki.

Neno hakiki lina ujamaa na neno haki. Kuhakiki ni kuchungua jambo hata kweli yake ionekane. Mhakiki hasemi tu, "Nimependa," au, "Sikupenda." Hana budi kutoa sababu, na sababu hiyo aionyeshe katika maneno yenyewe ya hadithi au shairi. Watu wakishika njia moja ya kuuliza maswali na kuieleza kwa utaratibu, njia hiyo huitwa nadharia. Nadharia ziko nyingi, nazo hushindana. Ili zifahamike, yafaa kutwaa hadithi moja ya Kilimanjaro na kuona kila mpimaji auliza nini juu yake.

Hadithi ya Murile

Hadithi hii ni ya Wachagga. Mwandishi Mwingereza, Alice Werner, aliitia katika kitabu chake cha visa vya Wabantu kilichotoka mwaka 1933. Habari zake kwa ufupi ni hizi.

Mtu mmoja na mkewe walikuwa na wana watatu, na wa kwanza ndiye Murile. Siku moja alikwenda na mama yake kuchimba magimbi. Akaona gimbi moja miongoni mwa yale ya mbegu, akasema kwamba ni zuri kama mdogo wake. Mama akacheka. Murile akalificha gimbi lile katika tundu la mti, akalinenea maneno ya uganga, na siku ya pili akalikuta limekuwa mtoto. Tangu hapo kila alipopewa chakula alimpelekea mtoto yule, hata yeye mwenyewe akakonda sana. Mama akaingiwa na wasiwasi. Ndugu zake wakamvizia Murile, wakaenda kumwambia mama. Naye akaufikia mti, akamwua mtoto.

Murile akalia sana. Alipoulizwa sababu, alijibu kwamba ni moshi tu. Akaambiwa atwae kiti cha baba yake, akae nje. Alipokikalia, akakiamuru kipande juu, kama ipandavyo kamba ya baba yake anapotundika mzinga wa nyuki. Kiti kikapaa naye hata juu mbinguni. Huko aliwakuta waokota kuni, wakata majani, wachunga ng'ombe na wengine, na kila mara aliwasaidia kazi kwanza, ndipo wakamwonyesha njia. Mwisho akafika kwa Mangi wa Mwezi. Watu wa huko walikula vyakula vibichi, maana hawakujua moto. Murile akawafundisha, nao wakampa ng'ombe wengi.

Alipokuwa akirudi kwao alichoka njiani. Fahali mmoja akakubali kumbeba, kwa sharti kwamba Murile asile nyama yake kamwe. Murile akawaonya wazazi wake. Lakini fahali alipozeeka, baba alimchinja. Na mama, kwa kumhurumia mwanawe asiyepata kitu, akatia mafuta ya fahali yule katika chakula chake kwa siri. Murile alipoonja, nyama ikasema naye. Akazidi kula, akazama ardhini, asionekane tena.

Ugomvi wa kale

Tangu zamani watu wameshindana juu ya faida ya hadithi. Zaidi ya miaka 300 kabla ya kuzaliwa Kristo, Plato, mwalimu wa Wayunani, aliandika kwamba katika mji ulio mwema watunga mashairi wengi wasipewe nafasi. Alisema kwamba wao huiga sura za mambo tu, wala si kweli yenyewe, tena huamsha tamaa za moyo. Mwanafunzi wake, Aristotle, alikuwa na neno jingine. Alisema kwamba kuiga ni tabia ya mwanadamu tangu utoto, na kwa kuiga hujifunza. Na mchezo wa msiba, ukiwatia watazamaji huruma na hofu, huwasafisha mioyo. Mtu wa Plato angewakataza watoto wa Sanya Juu wasisikie hadithi ya Murile. Mtu wa Aristotle angewaacha wasikilize na kulia.

Tangu hapo wapimaji wameongezeka. Kazi yao yafanana na ya wapimaji wa kahawa. Wa kwanza huzitenga punje kwa chekecheke, kubwa mbali na ndogo mbali. Wa pili hupima uzito kwa mizani. Wa tatu huikaanga kahawa, huisaga, huitia maji ya moto, kisha huionja kwa kijiko. Mwenye mizani hawezi kujua ladha, wala mwonjaji hajui uzito. Basi na wapimaji wa maneno ni vivyo hivyo.

Wapimaji wa umbo

Mwanzoni mwa karne ya 20 walitokea Warusi waliotaka kujua jinsi kazi ya maneno ilivyoundwa. Mmoja wao, Viktor Shklovsky, alisema mwaka 1917 kwamba kazi ya sanaa ni kukifanya kitu tulichokizoea kiwe kigeni machoni, ili tukione upya. Mwaka 1928 Vladimir Propp alitoa kitabu juu ya ngano za Kirusi. Alichungua ngano 100, akaona kwamba matendo yaliyomo, ingawa watu wake hubadilika, hayazidi 31, nayo hufuatana kwa taratibu. Shujaa huondoka kwao, hujaribiwa, hupewa kitu cha ajabu, kisha hurudi.

Murile naye huondoka, hujaribiwa kwa kazi, hupata mali, kisha hurudi. Lakini ngano za Propp kwa kawaida huisha kwa arusi ya shujaa. Ya Murile huisha kwa kuzama. Hapo mpimaji wa umbo husimama na kuuliza, "Kwa nini hadithi hii imeiacha njia ya wenzake?" Swali hilo lisingepatikana kama mtu hakuijua njia.

Katika Uingereza, huko Cambridge, mwalimu I. A. Richards aliwapa wanafunzi wake mashairi bila majina ya watungaji, akawaambia waandike maoni yao. Wengi walipotea: walisifu yaliyo dhaifu, wakadharau yaliyo bora. Richards akaeleza habari hizo katika kitabu cha mwaka 1929. Funzo lake ni kwamba msomaji asilitegemee jina kubwa, bali asome maneno yaliyo mbele yake.

Wapimaji wa jamii na wa moyo

Wengine husema kwamba umbo peke yake halitoshi. Hao hufuata mafundisho ya Mjerumani Karl Marx, aliyekufa mwaka 1883, nao huuliza: Nani afanya kazi? Nani anamiliki mali? Nani anafaidiwa? Katika Tanzania, baada ya Azimio la Arusha la mwaka 1967, wahakiki wengi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walishika njia hii. Katika hadithi ya Murile wao wataona kwamba kijana hapewi njia bure. Hana budi kutoa jasho kwanza. Tena wataona kwamba elimu ya moto ililipwa kwa ng'ombe.

Wengine hufuata mafundisho ya Sigmund Freud, daktari wa Vienna aliyekufa mwaka 1939. Yeye alifundisha kwamba moyoni mwa mtu mna mambo yaliyofichika, ambayo hujitokeza kwa njia nyingine, kama katika ndoto. Mpimaji wa namna hiyo hatapita haraka penye moshi. Murile alisema analia kwa moshi, kumbe analia kwa mtoto aliyekufa. Huzuni isiyoweza kutajwa imepata jina la uongo.

Kisha, hasa tangu miaka ya 1960 na 1970, wahakiki wengi wanawake walianza kuuliza habari za wanawake katika vitabu. Je, mama wa Murile ni mwovu? Mara ya kwanza alimwua mtoto wa mtini baada ya kumwona mwanawe anakonda. Mara ya pili alitia mafuta chakulani kwa kumhurumia. Mara zote mbili alitaka mwanawe ale, na mara zote mbili akampoteza. Baba ndiye aliyemchinja fahali, wala halaumiwi sana. Mtoto yule wa Sanya Juu aliyesema, "Mama alikosa," hana budi kuirudia hadithi na kuitazama tena.

Ugomvi wa mashairi

Mashindano ya wapimaji yamefika katika Kiswahili chenyewe. Mwaka 1954 Kaluta Amri Abedi alitoa kitabu cha sheria za kutunga mashairi. Alifundisha kwamba shairi halina budi kuwa na vina na mizani. Na katika shairi lililozoeleka kila mstari huwa na mizani 16, yaani 8 kila upande. Mwaka 1974 Euphrase Kezilahabi, mtu wa Ukerewe, akatoa diwani yake, Kichomi, yenye mashairi yasiyofuata sheria hizo. Ndipo ugomvi ulipowaka. Washairi wa mapokeo walisema kwamba maneno yasiyo na vina na mizani si mashairi, na kwamba anayeyaacha anatupa mali ya wazee. Wengine wakajibu kwamba roho ya shairi ni fikira na mpangilio wa maneno, na kwamba vina ni vazi lake moja tu. Mwaka 1979 M. M. Mulokozi na K. K. Kahigi wakatoa kitabu cha Kunga za Ushairi kuitetea njia mpya. Leo mashairi ya namna zote mbili husomwa katika shule za Tanzania.

Nani mwenye fasihi?

Lakini liko swali lililo kubwa kuliko hayo. Kwa muda mrefu watu waliosoma walidhani kwamba fasihi ni vitabu tu, tena vitabu vya Ulaya. Hadithi za motoni hawakuzihesabu. Mwezi wa Oktoba mwaka 1968 walimu watatu wa chuo kikuu cha Nairobi, Ngũgĩ wa Thiong'o, Henry Owuor-Anyumba na Taban lo Liyong, waliandika shauri kwamba Idara ya Kiingereza iondolewe, na badala yake iwepo idara ambayo Afrika ndiyo kiini chake, na masimulizi ya mdomo yapewe heshima yake. Hawakukataza vitabu vya Ulaya; walitaka mwanafunzi aanzie kwao, kisha atazame mbali. Shauri hilo likabadili mafundisho ya fasihi katika vyuo vingi vya Afrika.

Kama watu wasingeuliza swali hilo, hadithi ya Murile ingebaki kitu cha kuchezea watoto, na gimbi lililogeuka mtoto lisingepata mtu wa kulichungua. Kwa hiyo uhakiki si kazi ya kutafuta makosa tu. Ndio unaoamua ni maneno ya nani yatakayohifadhiwa, na ya nani yatakayosahauliwa.

Kuuliza si ujinga, wasema Waswahili. Lakini mwenye kuuliza, awe wa umbo, wa jamii au wa moyo, arudi kila mara kwenye maneno ya hadithi na kuonyesha jibu lake liko wapi. Asiyeweza kuonyesha amesema neno lake mwenyewe, wala si la hadithi. Na yule mtoto wa tatu, aliyeuliza ng'ombe awezaje kusema, bado anangoja jibu. Moto ungaliko, na usiku ni mrefu.

Maswali

1. Kuna tofauti gani kati ya kusema "Nimependa" na kuhakiki?
2. Plato na Aristotle walipingana kwa jambo gani?
3. Kwa nini Richards aliyaficha majina ya watungaji?
4. Je, mama wa Murile ana kosa? Toa sababu mbili kutoka katika hadithi.
5. Mwulize mzee wa kwenu akusimulie hadithi moja. Iandike, kisha uihakiki kwa njia mbili zilizotajwa hapa.