Karani Aliyekuwa Mchezaji wa Sinema

Rashidi Mfaume Kawawa anajulikana sana kuwa alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika, nchi ya jirani zetu wa upande wa kusini wa ziwa hili letu. Sisi wa Kendu Bay, ambao gati yetu ilipokea meli za ziwani kwa miaka mingi, habari za Mwanza na za bara lile hazikuwa ngeni kwetu kamwe. Lakini ni wachache wajuao kwamba kabla ya kuingia katika siasa bwana huyo alikuwa mchezaji wa sinema. Kazi hiyo haikudumu ila miaka michache, na picha zenyewe zilikuwa za gharama ndogo. Hata hivyo yafaa ielezwe.

Bwana Kawawa alizaliwa mwaka 1926 katika wilaya ya Songea, akasoma katika Shule ya Serikali ya Tabora, kisha mwaka 1951 akaajiriwa kuwa karani wa hesabu katika Idara ya Kazi za Umma. Sisi tulio makarani twaijua kazi hiyo: hesabu zisizokwisha, na mkubwa wa ofisi atazamaye saa yake kila uingiapo. Baadaye akahamia katika Idara ya Maendeleo ya Jamii, iliyoshughulika na elimu ya watu wazima na kuonyesha sinema vijijini. Huko ndiko kamera ilikomkuta.

Ili msomaji afahamu jambo hilo lilikuwa geni kiasi gani, hana budi kujua jinsi picha za Waafrika zilivyokuwa zikitengenezwa. Kati ya mwaka 1935 na 1937 Waingereza wawili, Notcutt na Latham, walifanya majaribio huko Vugiri, katika milima ya Usambara, wakapiga picha zipatazo 35 na kuzitembeza kwa lori hata Kenya na Uganda. Nyingi zilikuwa za mafundisho: afya, kilimo, kuweka akiba. Mwaka 1939 likaanzishwa shirika la filamu za makoloni huko London, na mkuu wake, William Sellers, alishika imani ya kwamba Mwafrika hawezi kufuata picha ya upesi. Basi kila kitu kionyeshwe polepole, kimoja kimoja, pasipo mbinu za kamera. Waliomwamini walikuwa wengi. Nadhani hawakupata kuketi usiku karibu na moto na kusikiliza hadithi ya sungura, ambaye hamngojei mtu.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Serikali ya Tanganyika ilijaribu njia nyingine. Iliafikiana na kampuni ya African Film Productions ya Johannesburg ili zitengenezwe picha za hadithi, zenye kuchekesha na kufurahisha, na wachezaji wawe Waafrika wasemao Kiswahili. Ndipo Bwana Kawawa akatokea katika Muhogo Mchungu mwaka 1952, na picha nyingine za mpango huo zikaitwa Chalo Amerudi na Meli Inakwenda. Mambo yake yalikuwa ya shamba na mjini, na mtu wa shamba akutanaye na werevu wa mji. Jina la muhogo mchungu halihitaji mkalimani huku kwetu: usipouloweka na kuukausha vema, utakudhuru.

Linganisha na yaliyotokea Kenya miaka michache baadaye. Mwaka 1956 kampuni ya Warwick ya Uingereza ilitoa picha ya rangi iliyopigwa nchini humu, ikaitwa Odongo. Mjaluo yeyote akisikia jina hilo huuliza kwanza Opiyo yuko wapi, maana Odongo ni pacha wa pili. Mtoto aliyecheza nafasi hiyo aliandikwa kwa jina moja tu, Juma, lakini waliotangulizwa ni Rhonda Fleming na Macdonald Carey, na lugha ilikuwa Kiingereza. Jina la picha lilikuwa letu. Hadithi ilikuwa ya wageni. Katika Muhogo Mchungu fedha na mitambo ilikuwa ya wengine, lakini mtu aliyebeba hadithi, na ulimi wake, alikuwa mwenyeji.

Mpango ule haukuishi siku nyingi, na Bwana Kawawa hakuendelea na uchezaji. Wakati huo watumishi wa Serikali walikatazwa kujiunga na chama cha TANU. Wao walikuwa na chama chao cha watumishi, naye akawa rais wake. Shirikisho la vyama vya wafanyakazi, TFL, lilipoundwa mwaka 1955, alichaguliwa kuwa Katibu Mkuu, na mwaka uliofuata akaacha kazi ya Serikali. Mwenye mshahara wa kila mwezi na ndugu wanaomtegemea ajua uzito wa barua kama hiyo. Tarehe 22 Januari 1962 alikuwa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Aliushika tena uwaziri mkuu, mara hii wa Tanzania, kutoka mwaka 1972 hata 1977, akafariki tarehe 31 Desemba 2009.

Katika miaka hiyo ya 1970 kampuni ya filamu ya Serikali ya Tanzania, iliyoanzishwa mwaka 1968, ilitoa picha yake ndefu, Fimbo ya Mnyonge. Ni hadithi ya mtu wa shamba aendaye mjini, akakosa alichokifuata, akarudi kijijini.