Rachel Weisz na Lupita Nyong'o: seti moja Kenya, tuzo moja, njia mbili za kufika

Wengi wetu huku Handeni na Korogwe tulimwona Rachel Weisz miaka mingi kabla ya kulijua jina lake. Ni yule dada wa maktaba katika filamu ya The Mummy ya mwaka 1999, anayesoma maandishi ya kale ya Misri na kumwamsha maiti ambaye angeachwa alale. Ni filamu iliyopendwa sana kwenye vibanda umiza, na wapo walioiona ikiwa na sauti ya mtafsiri wa Kiswahili juu yake.

Tunamtaja leo kwa sababu moja. Miaka michache baada ya filamu ile, Rachel alikuja Kenya kupiga filamu nyingine. Kwenye kazi hiyohiyo alikuwapo binti Mkenya aliyekuwa akitumwa huku na kule, na hakuna kamera iliyomwelekea. Jina lake ni Lupita Nyong'o. Wote wawili walikuja kupata tuzo ileile: Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike. Rachel aliipata mwaka 2006, Lupita mwaka 2014.

Vijana wetu wengi, hasa mabinti, wanatamani kuigiza, na wazazi wengi wanahofia jambo hilo. Tumeona tuwaeleze kazi hii inavyojengwa, kwa kutumia safari za hawa wawili.

Rachel Weisz ni nani?

Alizaliwa London mwaka 1970. Baba yake alitoka Hungaria na mama yake Austria. Wote walifika Uingereza wakiwa watoto, familia zao zikiwakimbia Wanazi.

Alisoma fasihi ya Kiingereza katika Chuo Kikuu cha Cambridge, na huko yeye na wenzake wakaanzisha kikundi cha maigizo. Walitunga wenyewe na kuigiza wenyewe. Baada ya chuo alipata nafasi ndogondogo kwenye tamthilia za televisheni ya Uingereza, na huku akaendelea kupanda jukwaani. The Mummy ilipotoka alikuwa na umri wa miaka 29. Aliyemwona siku hiyo kwa mara ya kwanza angeweza kudhani ameibuka ghafla, kumbe nyuma yake kulikuwa na takriban miaka kumi ya kazi.

Filamu iliyopigwa Kenya

Mwaka 2004 wapigaji filamu walifika Kenya kutengeneza The Constant Gardener, kutokana na riwaya ya Mwingereza John le Carré. Mwongozaji alikuwa Fernando Meirelles wa Brazil. Rachel aliigiza kama Tessa, mke wa mwanadiplomasia wa Kiingereza, anayegundua kwamba kampuni ya dawa inawajaribia maskini dawa isiyo salama. Tessa anauawa, na mume wake, aliyeigizwa na Ralph Fiennes, anaanza kuutafuta ukweli.

Sehemu kubwa ilipigwa kwenye maeneo halisi, yakiwemo mtaa wa Kibera jijini Nairobi na Loiyangalani, kando ya Ziwa Turkana. Watengenezaji wa filamu walianzisha mfuko wa kusaidia jamii za maeneo hayo.

Filamu ilitoka mwaka 2005, na Machi 2006 Rachel akapokea Oscar. Baada ya hapo hakupumzika. Alirudi jukwaani London, akateuliwa tena kuwania Oscar kwa filamu ya The Favourite ya mwaka 2018, na mwaka 2023 akaonekana kwenye tamthilia ya Dead Ringers akiigiza pacha wawili, yeye peke yake kwa nafasi zote mbili.

Binti aliyekuwa akitumwa

Turudi kwa yule binti. Lupita Nyong'o alizaliwa Mexico mwaka 1983, wakati baba yake, Profesa Peter Anyang' Nyong'o, akifundisha chuo kikuu huko. Lupita ni kifupi cha Guadalupe, jina la Kimexico. Familia ilirudi Kenya angali mdogo, akakulia Nairobi.

Akiwa na umri wa miaka 14 aliigiza kama Juliet katika mchezo wa Shakespeare, Romeo and Juliet, na kikundi cha Phoenix Players cha Nairobi. Baadaye alikwenda Marekani kusomea filamu na maigizo katika chuo cha Hampshire.

Kwenye The Constant Gardener hakupewa nafasi ya kuigiza. Alikuwa msaidizi, wa zile kazi ambazo jina lake mtazamaji halisomi. Lakini alikuwa na macho na masikio. Alizungumza na Ralph Fiennes, akamwambia kwamba naye anatamani kuwa mwigizaji. Lupita amesimulia kwamba Fiennes hakumpamba kwa maneno matamu. Alimwambia aingie kwenye kazi hiyo endapo tu hawezi kuishi bila hiyo.

Alifanya kazi ndogo pia kwenye The Namesake, filamu ya Mira Nair iliyotoka mwaka 2006. Lishike jina hilo, maana tutalirudia.

Mwaka 2009 Lupita alionekana kwenye Shuga, tamthilia ya televisheni iliyopigwa Nairobi kuhusu vijana, mapenzi na Virusi vya Ukimwi. Wasikilizaji wetu wa siku nyingi wataelewa haraka, kwa sababu Tanzania tulikuwa tumeshapita njia hiyo kwa redio. Twende na Wakati ya Radio Tanzania, iliyoanza mwaka 1993, ilitupa Mkwaju, dereva wa lori mwenye wanawake kila kituo, na mkewe Tunu. Sisi tunaoishi kando ya barabara ya Segera na Mkata hatukuhitaji kuelezwa Mkwaju ni nani. Waliomtia uhai Mkwaju walikuwa waigizaji, ingawa hatukuziona sura zao.

Mwaka huohuo wa 2009 Lupita alitoa filamu aliyoiongoza mwenyewe, In My Genes. Ni filamu ya hali halisi kuhusu maisha ya watu wenye ualbino nchini Kenya. Ilitoka wakati ambapo hapa kwetu Tanzania watu wenye ualbino walikuwa wakiuawa na kukatwa viungo kwa imani za kishirikina.

Shule kwanza, Oscar baadaye

Baada ya Shuga, Lupita angeweza kubaki Nairobi na kula jina lake. Badala yake alirudi darasani. Alijiunga na shule ya maigizo ya Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, akasoma miaka mitatu: sauti, mwili, pumzi, lafudhi, namna ya kumwelewa mhusika. Alihitimu mwaka 2012.

Alipokuwa anamaliza ndipo alipofanya usaili wa 12 Years a Slave, filamu ya Mwingereza Steve McQueen. Inatokana na kitabu cha mwaka 1853 cha Solomon Northup, mtu mweusi aliyekuwa huru, akatekwa na kuuzwa utumwani kusini mwa Marekani. Lupita aliigiza kama Patsey, mtumwa wa shamba la pamba anayeteswa na bwana na kuchukiwa na bibi.

Asije mtu akasema hiyo ni hadithi ya Wamarekani tu. Bonde la Mto Pangani lilikuwa njia ya misafara iliyoshuka na pembe na watumwa hadi pwani. Katika karne ya 19 Wazigua walichukuliwa utumwani hadi Somalia, na wajukuu wao waliendelea kuzungumza Kizigua huko. Vita vya Somalia vilipowafukuza, baadhi yao walikimbilia hapahapa Handeni, kwanza kambi ya Mkuyu, kisha makazi ya Chogo. Anayetaka kujua utumwa unaacha nini kwa kizazi cha tano au cha sita, hana haja ya kwenda Marekani.

Filamu ilitoka mwaka 2013. Usiku wa tarehe 2 Machi 2014, Lupita alipanda jukwaani Los Angeles akiwa Mkenya wa kwanza kushinda Oscar. Aliwaambia watoto wote kwamba popote mtu alikotoka, ndoto yake ni halali.

Lile jina la Mira Nair

Mwaka 2016 ilitoka Queen of Katwe, kuhusu Phiona Mutesi, binti wa mtaa wa Katwe jijini Kampala aliyekuwa bingwa wa mchezo wa sataranji. Lupita aliigiza kama mama yake, mjane anayeuza mahindi. Mwongozaji alikuwa nani? Mira Nair, yuleyule aliyemjua Lupita akiwa msaidizi miaka kumi kabla. Kazi ndogo ukiifanya kwa uaminifu, yupo anayekuona.

Mwaka 2018 dunia nzima ilimwona kama Nakia katika Black Panther. Mwaka uliofuata, kwenye filamu ya kutisha ya Us, aliigiza wanawake wawili wanaofanana sura na kutofautiana roho, na mmoja akampa sauti iliyokwaruza kama koo lililokauka. Kuna kazi zake nyingine ambazo sura yake haionekani kabisa. Katika The Wild Robot ya mwaka 2024 yeye ni sauti tu, sauti ya roboti. Sisi wa redio tunalifurahia hilo.

Suala la rangi

Hapa ndipo safari ya Lupita inapogusa maduka ya vipodozi ya Korogwe na magulio ya Handeni.

Februari 2014, siku chache kabla ya Oscar, alitoa hotuba mbele ya wanawake weusi wa Hollywood. Alieleza kwamba utotoni alimwomba Mungu aamke akiwa mweupe. Kila asubuhi alijitazama kwenye kioo na kukuta rangi ni ileile. Kilichomsaidia ni kumwona Alek Wek, mwanamitindo mweusi kutoka Sudan Kusini, akisifiwa duniani. Alisimulia pia barua ya binti mmoja aliyekuwa karibu kununua krimu ya kujichubua, akaghairi baada ya kumwona yeye.

Mwaka 2019 aliandika kitabu cha watoto kiitwacho Sulwe, neno la Kijaluo lenye maana ya nyota. Kinamhusu mtoto mweusi kuliko wote nyumbani kwao.

Mkorogo bado unauzwa. Vipodozi vyenye zebaki na haidrokwinoni vimepigwa marufuku nchini. Zebaki hupenya kwenye ngozi na kudhuru figo, na mama mjamzito anaweza kuipitisha kwa mtoto aliye tumboni. Binti anayeambiwa kwamba kamera inataka weupe, aonyeshwe picha ya Lupita akiwa na Oscar mkononi.

Sasa kijana wa huku afanye nini?

Tuseme ukweli. Lupita ni mtoto wa profesa na mwanasiasa mkubwa, na Rachel alisoma Cambridge. Milango waliyoipita haipo Kwamsisi wala Magoma. Lakini mpangilio wa safari zao unaweza kufuatwa na yeyote.

Kwanza, anza na ulichonacho. Kikundi cha maigizo shuleni, igizo la kwaya, ngoma, mashindano ya UMISSETA, mchezo wa redio. Juliet wa Lupita alikuwa kwenye jukwaa la nyumbani Nairobi, si Hollywood.

Pili, soma. Tanzania tuna TaSUBa, Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, iliyoanza kama Chuo cha Sanaa mwaka 1981. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam nacho kinafundisha sanaa za maonyesho. Kufaulu kidato cha nne kunafungua njia ambazo picha za mtandaoni hazifungui.

Tatu, usidharau kazi ya nyuma ya kamera. Kubeba taa, kushona mavazi, kupaka vipodozi, kuandika hadithi, zote ni kazi, na zote ni darasa.

Nne, jihadhari na matapeli. Kazi ya kweli ya filamu humlipa mwigizaji, haimtozi. Mtu akikutumia ujumbe kwamba umechaguliwa, utume hela ya fomu au ya usaili kwenye namba fulani, acha. Akikutaka kimwili ili akupe nafasi, hiyo ni rushwa ya ngono, na ni kosa kwa sheria ya mwaka 2007. Piga namba 113 ya TAKUKURU bila malipo, au nenda Dawati la Jinsia na Watoto la polisi. Binti asiende usaili peke yake, wala asiende gesti.

Na kwenu wazazi: mtoto akisema anataka kuigiza, msikimbilie fimbo. Muulizeni anajifunza wapi, kwa nani, na shule inaendeleaje. Akiwa na majibu, msindikizeni siku ya igizo mkakae mbele. Akiwa hana, mmeshapata mahali pa kuanzia mazungumzo.