Benki Inapotaka Kuuza Shamba

Mkulima wa Laela amekopa benki apate mbolea na jembe la kukokotwa na ng'ombe. Ameweka rehani shamba lenye hati. Mvua inakatika mapema, mahindi yanakuwa haba, malipo yanamshinda. Siku moja analetewa barua. Je, afanye nini?

Wengi huichomeka barua darini na kukaa kimya. Nimeyaona hayo vijijini mwetu, nalo ni kosa kubwa. Sheria ya Ardhi, namba 4 ya mwaka 1999, inamtaka mkopeshaji ampe mdaiwa taarifa ya maandishi: kosa lake ni nini, na alirekebishe vipi. Mdaiwa ana siku 60 tangu aipokee. Andika tarehe nyuma ya barua siku hiyo hiyo. Ukitaka kuzungumza na benki, wakati wake ndio huo.

Siku hizo zikipita bila malipo, benki yaweza kuuza bila kufungua kesi kwanza. Lakini mnada nao una sheria yake. Lazima utangazwe kwa siku zisizopungua 14, katika mji mkuu wa wilaya na pia mahali pa mnada. Tangazo liwe kwa Kiswahili pamoja na Kiingereza, tena lifikishwe kwa njia ambayo hata asiyesoma ataielewa. Waliotunga sheria hiyo walimkumbuka mtu wa kijijini! Na kama kilichowekwa rehani ni nyumba ya ndoa, Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inataka ridhaa ya mume na mke.

Mambo hayo yakivunjwa, mdaiwa aweza kuiomba mahakama izuie mnada. Mwaka 1969, katika kesi ya Atilio na Mbowe, Mahakama Kuu ilieleza maswali matatu. Je, pana hoja nzito ya kuamuliwa? Je, mwombaji atapata hasara isiyoweza kufidiwa? Je, nani ataumia zaidi, akinyimwa mwombaji au akizuiwa mwenzake? Kusema tu kwamba mvua haikunyesha hakutoshi. Na zuio halifuti deni.

Tuje kwenye bei. Anayeuza lazima atafute bei nzuri inayoweza kupatikana. Tuseme mashamba kama lako huuzwa kwa wastani wa shilingi 8,000,000. Asilimia 25 yake ni shilingi 2,000,000. Likiuzwa kwa shilingi 6,000,000 au chini yake, sheria inachukulia kwamba muuzaji hakutimiza wajibu wake, mpaka athibitishe vinginevyo.

Lakini usingoje nyundo igongwe. Sheria humlinda mnunuzi aliyenunua kwa nia njema, na mara nyingi mwenye shamba hubakiwa na kudai fidia tu. Mwone mapema wakili, au msaidizi wa kisheria anayetambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017. Chukua mkataba wa mkopo, stakabadhi zote za malipo, na ile barua ya darini.